Hivi Speke alijiua au bunduki ilimfyatukia? Mji wa Bath na mdahalo wa Nile ambao haukufanyika

#1 Kijukuu_wa_Kazeh
Wakuu kwema? Mimi mtu wa Tabora ila maisha yamenitupa Bath, huku magharibi mwa Uingereza, ule mji wa maji moto ya Warumi. Kazi yangu kuhudumia wazee majumbani na kuna mzee mmoja tangu ajue natokea Tabora hatuna mazungumzo mengine, ni Speke asubuhi Speke jioni.

Kwa wasiojua kisa: mwaka 1864 wanasayansi wa Uingereza walifanya mkutano wao mkubwa hapa Bath, na tarehe 16 Septemba Speke na Burton, wale wapelelezi wa Kiingereza waliokuja huku kwetu kutafuta chanzo cha Nile, walitakiwa kusimama mbele ya watu wabishane mto huo unaanzia wapi. Speke anasema ni lile ziwa Viktoria aliloliona Mwanza mwaka 1858, Burton anasema wee acha, hujalizunguka hata robo, chanzo ni Tanganyika. Hawa walitoka wote pwani mpaka Kazeh (ndiyo Tabora ya leo) mpaka Ujiji wanauguzana njiani, wakarudi kwao maadui. Sasa ile tarehe 15 mchana Speke katoka ukumbini, kaenda kuwinda kwale kwenye shamba la binamu yake, saa kumi jioni kafa kwa bunduki yake mwenyewe. Kesho yake watu wamefurika ukumbini wanasubiri mpambano, wanaletewa msiba.

Mimi nasema ajali. Mzee wangu anasema jamaa alijimaliza kwa kuogopa aibu. Leteni hoja.

#2 Mama_Jesca
Naweka kiti mbele kabisa. Uzi wa hivi huwa haukai siku mbili bila kuchafuka.

#3 Mbishi_Mstaafu
Mleta mada umeanza vizuri ila wasije watu wakadhani alifia Bath mjini. Alifia Neston, upande wa Corsham, hiyo ni Wiltshire kabisa, nje ya Bath. Shamba linaitwa Neston Park, la familia ya Fuller. Na uchunguzi wa sababu ya kifo ulifanyika kesho yake tu nyumbani kwa kaka yake Speke, Monks Park, jirani na hapo. Yaani mtu kafa jioni, kesho yake wamekaa sebuleni kwa ndugu wakaamua "ajali", faili likafungwa. Mimi hapo ndipo panaponikera.

#4 Nyegezi_Boy
Sisi watu wa Mwanza tuna Ghuba ya Speke mpaka leo kwenye ramani, kwa hiyo tuheshimiane kwenye huu uzi 😂. Mimi nasema Burton kamla. Mtu ambaye kesho yake angeumbuka mbele ya dunia nzima ni Burton, kwa sababu Speke ndio alikuwa sahihi. Fuateni anayefaidika.

#5 Mbishi_Mstaafu
@Nyegezi_Boy unaangalia filamu nyingi. Burton alikuwa Bath na mke wake muda wote. Waliokuwa karibu na Speke pale porini ni binamu yake George Fuller na mlinzi wa wanyama wa shamba. Burton mwenyewe baadaye alitoa maneno ya kejeli kwamba wenye huruma wanasema Speke alijipiga, wasio na huruma wanasema yeye Burton ndiye alimpiga. Mtu muuaji hatanii hivyo.

#6 Nyegezi_Boy
Au ndio anatania hivyo hivyo.

#7 Ranja_wa_Zamani
Nimekaa na bunduki porini miaka mingi kabla sijastaafu, niseme kitu kuhusu ule ukuta. Kwa jinsi ilivyoelezwa, Speke alikuwa anapanda ukuta mfupi wa mawe, bunduki ya mitutu miwili haina kinga kwenye kifyatulio. Sasa fikirieni mtu yuko juu ya ukuta, mkono mmoja anajishika, mwingine anavuta bunduki kwa kuikamata kwenye mdomo wa mtutu, kitako kiko chini bado, kifyatulio kikigusa jiwe au kijiti imeisha hiyo. Jeraha lilikuwa chini ya kwapa la kushoto. Mtu anayetaka kujiua na ni mwindaji tangu utoto haweki bunduki kwapani huku amening'inia ukutani, kuna sehemu nyingine anazijua vizuri zaidi. Kazini nilimshuhudia mwenzangu akivuta bunduki hivyo hivyo kwenye fensi ya miiba, ikalia, ikachana mkono wa shati, bahati ya Mungu tu. Na alikuwa mzoefu kuliko sisi wote, wageni huwa wanaogopa bunduki ndio maana hawafi.

#8 Mama_Jesca
@Ranja_wa_Zamani umeniondolea usingizi.

#9 Dada_wa_Zamu
Mnasahau hali yake ya kiafya. Mimi ni nesi. Mwaka 1858 akiwa kwenye ziwa Tanganyika Speke aliingiwa na mdudu sikioni usiku hemani. Akamwaga siagi iliyoyeyushwa, haikusaidia, mdudu akazidi kuchimba, akachukua ncha ya kisu akachokonoa. Mdudu alikufa lakini sikio lilioza, uso ukavimba upande mmoja akawa hawezi kutafuna, na mwenyewe aliandika kwamba akipenga kamasi sikio linapiga filimbi. Kiziwi upande huo. Juu ya hapo macho yake yalikuwa yamemsumbua vibaya safari hiyo hiyo, walipofika Tanganyika alikuwa haoni vizuri hata ziwa lenyewe, akasikitika sana.

Sasa mtu huyo ambaye hasikii vizuri unamweka jukwaani abishane na Burton anayejua lugha kibao na mdomo kama wembe. Mimi siwezi kushangaa akiamua lolote. Na jamani mdudu akiingia sikioni weka mafuta ya kula ya uvuguvugu ulalie upande wa pili, kisha nenda hospitali, visu na njiti za kiberiti hapana.

#10 Kijukuu_wa_Kazeh
@Dada_wa_Zamu hiyo hoja ya sikio ndiyo anayoitumia mzee wangu. Anasema Speke na Burton walionana tarehe 15 ukumbini, hawakusalimiana, wameketi wanatazamana tu, mwishoni Speke akanyanyuka akasema hawezi kuvumilia tena, akatoka. Huyo mtu hakuwa sawa kichwani siku hiyo.

Nilishawahi kwenda kuona mahali penyewe. Kuna jiwe limejengewa kwenye ukuta wa barabarani, limeandikwa kwamba hapa Kapteni Speke alipoteza maisha kwa bunduki yake kulipuka kwa bahati mbaya. Ukuta wenyewe mfupi, mawe yamepangwa tu bila saruji, unaukanyaga moja linacheza. Nilipanda kidogo nikashuka, kuna mama alikuwa anapita na mbwa akanitazama kama mwizi wa ng'ombe. @Ranja_wa_Zamani nikakuelewa kabla hata hujaandika.

#11 Mwanasheria_Uchwara
Hamjagusa sababu ya familia kuharakisha. Uingereza ya miaka ile aliyejiua akizikwa makaburi ya kanisa anazikwa usiku, bila ibada. Speke alizikwa kanisani kwao Dowlish Wake, Somerset, Livingstone kahudhuria, Grant mwenzake wa safari ya pili kahudhuria, heshima zote. Mnadhani jopo la watu wa jirani lingesimama sebuleni kwa kaka wa marehemu liseme alijiua? Hukumu ya ajali haithibitishi kitu hapo.

#12 Ranja_wa_Zamani
@Mwanasheria_Uchwara na haithibitishi alijiua pia.

#13 Mwanasheria_Uchwara
Sawa, ila wewe umethibitisha kwa shati la mwenzako 😂

#14 Baharia_wa_Kigoma
Halafu nilisoma mahali Stanley naye alikuwepo Bath siku hiyo akiwa upande wa Speke.

#15 Mbishi_Mstaafu
@Baharia_wa_Kigoma Stanley gani? Mwaka 1864 Stanley alikuwa baharia kwenye jeshi la majini la Marekani, vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe vinaendelea. Alikuja kulizunguka ziwa mwaka 1875 ndio akaona Speke alikuwa na haki. Aliyekuwepo Bath ni Livingstone, ndio kwanza karudi kutoka Zambezi, na hakuwa upande wa Speke. Hilo nalo lilimtia Speke presha, maana Livingstone neno lake lilikuwa kama msahafu.

#16 Sharifu_Kariakoo
Mnavyopigana utadhani ziwa lilikuwa limejificha mpaka Speke afike. Pale Kazeh walipokelewa na Sheikh Snay bin Amir, mfanyabiashara Mwarabu, ndiye aliyewakalisha chini akawaambia kuna maziwa matatu siyo moja, Nyasa, la Ujiji na la Ukerewe, na la Ukerewe ndilo kubwa. Kawapa na umbali. Burton akabaki Kazeh anaandika lugha na desturi, Speke akaenda kaskazini akaona kilekile alichoambiwa. Ugunduzi gani huo, wewe umeelekezwa njia na wenyeji.

#17 Kijukuu_wa_Kazeh
@Sharifu_Kariakoo nimempa mzee hiyo leo. Kanyamaza, kisha kasema chai imepoa.

#18 Baharia_wa_Kigoma
Na Sidi Mubarak Bombay je? Myao, kakamatwa utotoni kauzwa mpaka India, karudi Zanzibar mtu huru. Kaenda na Burton na Speke, kaenda tena na Speke na Grant mpaka Buganda na Misri, kaenda na Stanley kumtafuta Livingstone, kaenda na Cameron mpaka pwani ya magharibi. Angeitwa Bath mwaka 1864 angetoa ushahidi kwa Kihindustani ambacho Speke na Burton wote walikijua, mdahalo ungeisha kwa nusu saa. Alikuja kupewa medali ya fedha na ile jumuiya ya jiografia ya London mwaka 1876, Speke kashaoza.

#19 Dada_wa_Zamu
Hii nimeipenda. Shahidi pekee aliyekuwepo mwanzo mwisho hakualikwa.

#20 Otis_wa_Ngong
Wadau niaje. Mimi nimeingia hapa nikidhani ni uzi wa raga, nimeona Bath nikafungua mbio 😂. Manze mnaongea Bath bila kutaja raga? Klabu ilianzishwa 1865, mwaka mmoja tu baada ya huyo Speke wenu. Kati ya 1984 na 1996 walichukua kombe mara 10 na ligi mara 6. Mwaka 1998 wakawa timu ya kwanza ya Uingereza kuchukua Kombe la Ulaya, Brive wakapigwa 19-18 na pointi zote 19 alifunga msee mmoja, Jon Callard. Halafu ukame. Ukame mrefuuu. Mpaka Juni 2025 ndio wakarudisha ubingwa wa ligi, Leicester 23-21 kule Twickenham.

#21 Nyegezi_Boy
Miaka 29 bila ligi? Mashabiki wa hapo wavumilivu kuliko sisi.

#22 Otis_wa_Ngong
@Nyegezi_Boy na uwanja wao The Rec uko katikati ya mji pembeni ya mto Avon, mpira ukipigwa vibaya unaingia mtoni. Miaka mingi walishindwa kujenga wanavyotaka kwa sababu ya hati ya mwaka 1922 iliyokataza majengo ya biashara yatakayowakera majirani, wakakimbizana mahakamani na majirani mpaka mahakama ya rufaa ilipoamua 2021 kwamba haiwafungi tena. Jukwaa la upande mmoja lilikuwa linang'olewa na kurudishwa kupisha kriketi. Hebu mleta mada tuambie, ni kweli siku ya mechi mji mzima unavaa bluu nyeusi nyeupe?

#23 Kijukuu_wa_Kazeh
Kweli kabisa, na mimi mwenyewe siku hiyo sipangi miadi ya wateja ng'ambo ya daraja la Pulteney, hupiti. Lile daraja lina maduka pande zote mbili, ukiwa juu yake hujui kama uko juu ya mto. Wazee ninaowahudumia wana tiketi za msimu kuliko wana meno.

#24 Mama_Jesca
Mimi nataka kujua maji. Unaweza kwenda kuoga pale kwa Warumi mgongo upone?

#25 Kijukuu_wa_Kazeh
Hapana dada, pale unaangalia tu. Chemchemi yenyewe ni nyuzi 46 hivi, lita zaidi ya milioni moja kwa siku, inatoka usiku na mchana bila mashine. Ni mvua iliyonyesha zamani sana ikazama chini kilomita kadhaa ikapata joto ikarudi juu. Maji ya bwawa ni ya kijani kwa sababu ya mwani, enzi za Warumi palikuwa na paa. Mwaka 1978 kuna binti alifariki kwa vijidudu vya ameba vilivyoingia kwenye ubongo baada ya kuogelea kwenye maji haya, wakafunga kuoga kabisa. Jengo jipya la kuogea lilifunguliwa 2006, maji yanachujwa, ila bei yake uage familia kwanza. Ukitaka kuonja tu kuna ukumbi unaitwa Pump Room wanakupa glasi, vuguvugu lenye ladha ya chuma na yai. Nilimaliza kwa sababu kulikuwa na watu wananitazama.

#26 Sharifu_Kariakoo
Nyie mnaoga, mimi nimevutiwa na kitu kingine hapo. Warumi walikuwa wanaandika laana kwenye vipande vya madini ya risasi wanakunja wanatupa kwenye chemchemi ya mungu wao wa kike, Sulis Minerva. Vimepatikana vipande kama 130. Kuna jamaa anaitwa Docimedis kaibiwa glavu mbili, anaomba mwizi apoteze akili na macho. Mwingine kaporwa mwanamke anaitwa Vilbia, kaandika maneno kinyumenyume, chini kaorodhesha majina ya anaowashuku. Na wanaweka kabisa "awe mwanamume au mwanamke, mtumwa au mtu huru" asije mwizi akapenya. Hiyo ni albadiri kamili, miaka 1,800 iliyopita, kwa glavu.

#27 Nyegezi_Boy
Glavu mbili unamtoa mtu macho 😂😂 mwenzake kaibiwa mke anaomba nini?

#28 Sharifu_Kariakoo
Mwizi ayeyuke awe kama maji.

#29 Mama_Jesca
Huyo ndiye mume sasa.

#30 Dread_Moro
Heshima kwenu. Mmetaja Warumi, mmetaja raga, hamjamtaja Mfalme. Haile Selassie baada ya Waitaliano kuvamia Ethiopia aliishi Bath kuanzia 1936 mpaka 1940, nyumba inaitwa Fairfield House, upande wa Newbridge. Kutoka hotuba yake ya Geneva mbele ya Shirikisho la Mataifa mpaka kwenye baridi ya kilima cha Bath. Mwaka 1954 alirudi wakampa heshima ya kuwa mwananchi wa mji, na 1958 nyumba akaigawa kwa mji itumike kwa wazee. Mpaka leo Marasta wanakwenda pale.

#31 Baharia_wa_Kigoma
Alichagua Bath kwa nini, London si ndiko kwenye serikali?

#32 Dread_Moro
Wengine wanasema maji moto yalimvutia kwa afya yake, wengine wanasema nyumba zilikuwa nafuu kuliko London.

#33 Mbishi_Mstaafu
Na wengine watasema serikali ya Uingereza ilifurahi akikaa mbali na London asiwasumbue huku wanampigia magoti Mussolini. Chagua.

#34 Mwanasheria_Uchwara
Kuna mtu ataniambia hela ya kujenga mji mzuri namna ile ilitoka wapi? Royal Crescent nyumba 30 zimepinda kama mwezi, zimeanza 1767, jiwe lote rangi moja ya asali.

#35 Kijukuu_wa_Kazeh
Jiwe lilitoka machimbo ya Ralph Allen hapo mlimani, huyo alitajirika kwanza kwa posta. Na kamari. Kulikuwa na mtu anaitwa Beau Nash, kazi yake rasmi kusimamia sherehe za mji, kapiga marufuku kuvaa panga kwenye dansi, matajiri wanakuja kunywa maji asubuhi wanaliwa kwenye meza usiku.

#36 Mbishi_Mstaafu
Posta na kamari tu? William Beckford mnara wake uko juu kilima cha Lansdown hapo Bath, hela ni ya miwa ya Jamaika iliyolimwa na watumwa. Pulteney wa hilo daraja lako unalolikwepa siku za mechi naye alikuwa na mashamba Karibiani. Bristol bandari ya watumwa iko jirani tu. Waliokuja kuoga walitoka na hela wapi, jiulizeni.

#37 Otis_wa_Ngong
Hapo mkuu umegonga ndipo. Lakini usiseme yote, kuna wengine walikuwa makasisi na wagonjwa wa baridi yabisi tu.

#38 Mbishi_Mstaafu
Kasisi naye alikuwa na hisa.

#39 Dada_wa_Zamu
Turudi kwa Speke kidogo. Mimi sijashawishika na ukuta. Mtu aliyetembea Afrika na bunduki miaka yote hiyo, ameshapigwa mikuki na Wasomali Berbera mwaka 1855 akakimbia na majeraha 11, afe kwa kuvuta mtutu siku moja kabla ya siku aliyoiogopa kuliko zote? Hiyo bahati mbaya imejua kalenda.

#40 Ranja_wa_Zamani
@Dada_wa_Zamu mtu mwenye mawazo ndiye anayevuta mtutu. Hayo yote yako ya sikio na hofu na kutoka ukumbini kwa hasira yanaunga mkono ajali yangu. Akili haipo, mkono unafanya mazoea. Halafu alikuwa anazungumzia safari nyingine ya Afrika, mtu anayepanga safari.

#41 Mwanasheria_Uchwara
Kwa hiyo ushahidi uleule, hukumu mbili. Karibu mahakamani.

#42 Wa_Jinja
Nimefika kwa kuchelewa. Hapa Jinja, Uganda, mnara wa Speke upo, mahali aliposimama Julai 1862 akaona maji yanatoka ziwani. Maporomoko yenyewe ya Ripon yalizama bwawa la umeme lilipojengwa 1954. Alijiua au hakujiua, chanzo cha Nile ni hapa, watalii wanalipa hapa.

#43 Buja_Centre
Nyinyi wote munakosea. Ziwa ni tanki tu, maji yanaingia kutoka Kagera, na Kagera inatoka kwetu Burundi. Rutovu kuna piramidi kabisa ilijengwa 1938 na kuonyesha chanzo cha kusini kuliko vyote. Mukuje muone.

#44 Kigali_Mtulivu
Piramidi si ushahidi ndugu yangu. Chanzo cha mbali kabisa kiko msitu wa Nyungwe, Rwanda, walipima mwaka 2006.

#45 Buja_Centre
Walipima wakianzia wapi?

#46 Mama_Jesca
Nilisema siku mbili. Kijukuu, mwambie mzee wako mdahalo umefanyika, aje na kiti chake.